Nusu ya Vashmereli

Bibi Idreva alininong'oneza nusu ya upishi,
nusu tu, kwa kuwa nusu ya pili iko ng'ambo ya korongo
kwa watu wa Tolmek, ambao hatujaamkiana nao
tangu daraja la kamba lilipokatwa usiku.
(Sisi twasema ni wao. Wao, bila shaka, wasema ni sisi.)

Nusu yetu ni maziwa
ya wale mbuzi wa samawati wanaolamba kuta za pango,
wakamwe gizani, wasije wakaona wanachonyang'anywa.
Uyachemshe mara saba. Mara ya saba uyaache yaungue kidogo,
na ukoko wa chini, ule wa kahawia, usiutupe:
ndio heshima yenyewe.

Nusu yao ni asali, na unga wa mbegu za barafu,
na chochote kile wanachokificha.

Vashmereli hailiwi harusini. Hailiwi msibani.
Huliwa siku ya kufuta damu,
na umri wangu wote niliijua kwa kumeza mate tu,
kwa jinsi bibi alivyofumba macho akilitaja jina lake
kama mtu aliyetia miguu iliyokufa ganzi katika maji ya uvuguvugu.
"Kwetu," alisema, "mchovya asali huchovya mara moja."

Akafa kabla hajaniambia kitu cha mwisho.
"Halafu unatia..."
na mkono ukafinya hewa, vidole vitatu,
kama atiaye chumvi, au avutaye uzi,
au afinyaye shavu la mtoto.
Basi. Mwezi mkubwa ukazama, naye akazama nao.

Mwaka huu mvulana wa Tolmek aliteleza
akaangukia upande wetu, mguu umevunjika, roho ingalimo,
na kaka yangu Heskwin, aliyekula kiapo cha kuua,
akambeba mgongoni siku mbili kuzunguka kichwa cha korongo,
akimlaani njia nzima.

Tukaitwa kupika.

Bakuli la jiwe lina mishikio minne.
Miwili nilishika mimi; miwili, Ussavel, shangazi wa mvulana,
mwanamke mpana, mwenye unga hadi kwenye kope.
Tulimimina pamoja, tukitazamana mikono, si macho.
Ikiiva, vashmereli hulia:
mlio mwembamba, wa kengele iliyozama.
Na isipoliwa kabla mwezi mdogo haujaruka kilele
hurudi kuwa maziwa, na damu hurudi kuwa damu.

Zamu ya kitu cha mwisho ikafika.
Watu mia mbili, na mbwa wao, wakanikodolea macho.
Nikafinya hewa kwa vidole vitatu
nikaitupia bakulini, macho makavu kama mwizi wa sokoni.

Haikulia.

Mwezi mdogo ulishafika mabegani mwa mlima.
Ussavel akainama, kama anayekagua povu:
"Cha kwetu mama alikisahau mwaka wa mafuriko.
Mimi nimetia vumbi la kizingiti.
Wewe je?"

"Hewa," nikasema.

Kicheko kikanitoka puani, sikukikusudia,
kikaingia bakulini pamoja na nisiyoweza kuyataja mbele ya wageni,
naye akapasuka, unga ukaruka kutoka kwenye kope zake,
na hapo (sisemi ni kwa sababu hiyo;
huenda ilikuwa ni baridi tu, baridi hugandisha)
ikalia.

Tukalishana kwa vidole, kama ada.
Nitasema kweli: si tamu kiasi hicho.
Ina moshi, ina uchachu, ina chengachenga za kizingiti cha watu.
Mvulana wa mguu mbovu akaomba tena, akanyimwa,
akalamba mshikio.

Binti yangu ananiuliza tangu jana
kitu cha mwisho ni nini.
Nimemwonyesha: vidole vitatu, hivi.

Heskwin hakula. Alisimama nyuma, mikono kwapani,
hadi watu wakaanza kutawanyika,
kisha akaja akanisogelea, akauliza kwa sauti ya chini
kama ukoko umebaki.