Magunia Arobaini

Mimi ndiye niliyeichapa ile amri, Bwana Lingaraj.
Aya tatu, muhuri mmoja, nakala tano.
Nilipomaliza, chai yangu ilikuwa bado ya moto.

Theluthi moja ya pensheni itakatwa, maisha yote.
Neno maisha nililikosea mara ya kwanza,
nikalifuta kwa wino mweupe, nikapuliza likauke,
nikaligonga tena, safari hii sawasawa.

Kosa lilikuwepo. Wewe hukulikana, nami silikani.
Magunia arobaini ya saruji, bohari ya umwagiliaji, Titlagarh,
mwezi wa saba, paa linavuja,
turubai limekunjwa vizuri kabisa kwenye kona,
nawe uko Kantabanji unamwoza dada yako wa mwisho,
ruhusa ya siku mbili, ukakaa nne.
Uliporudi saruji ilikuwa imeshika:
mawe arobaini yenye umbo la mito ya kulalia.
Ukaandika daftarini kwa mkono wako, Uzembe wangu.
Hakuna aliyekulazimisha.

Uchunguzi ukaenda mwendo wa faili,
ukalala meza hii, ukaamkia ile, miaka sita.
Ukastaafu na shada la maua ya manjano shingoni,
ukapigiwa makofi, ukapewa saa ya ukutani.
Ndipo amri ikakufuata nyumbani
kama mbwa aliyepotea, akaikumbuka njia.

Mimi si hakimu. Kazi yangu ni herufi.
Lakini hesabu haiulizi cheo,
na juzi, umeme umekatika, nilikaa na kalamu na mshumaa.
Gunia moja, bei ya wakati ule, rupia mia na hamsini.
Arobaini: elfu sita.
Wanakukata elfu moja na mia nane kila mwezi.
Mwezi wa nne haujaisha, saruji imeshalipwa
na chenji inabaki.

Mwezi wa tano ulilipia nini?
Wa sita? Wa sabini?
Sasa imetimia miaka tisa.
Umeinunulia serikali magunia elfu moja, mia mbili tisini na sita,
saruji isiyojua mvua, isiyojua bohari,
inayojenga ukuta mmoja tu, mwezi kwa mwezi,
kati ya mlango wako na duka la dawa.

Kuntala, mkeo, anameza kidonge cha presha leo,
kesho anaruka.
Aliniambia mwenyewe kwenye foleni ya benki, akicheka,
kama anayenifundisha kubana sukari.

Na jambo hili sijamwambia mtu.
Siku ile ile, kwenye trei ile ile, nilichapa amri nyingine,
ya bwana aliyeuza dizeli ya pampu za wakulima
pipa baada ya pipa, miaka kumi na mmoja, akapandisha ghorofa.
Theluthi moja, maisha yote.
Nilibadilisha jina tu.

Kiinua mgongo, ndivyo inavyoitwa fedha ya kuagana.
Wako niliuona Ijumaa ukiinama kuokota sarafu:
umepinda kama alama ya mkato,
kama sentensi ambayo mwenye ofisi hataki kuimaliza.

Kijana wa masijala, aliyesoma sheria kwa masomo ya jioni,
anasema mahakama kule Cuttack inalo neno lake, uwiano:
adhabu isimshinde kosa uzito.
Nikamwuliza, inapimwa kwa mizani ipi?
Akafikiri. Akasema, wewe andika kwanza.

Basi nimeandika. Usiku, mlinzi akisinzia,
kwa mashine ile ile, herufi r bado inaruka juu ya mstari
na yeyote anayejua mashine zetu ataijua.
Nilipofika kwenye neno maisha
vidole vilisita, lakini sikulikosea.

Imebaki miezi kumi na mmoja nami nistaafu.
Bohari bado inavuja; funguo siku hizi ninazo mimi.
Shika kalamu, Bwana Lingaraj.
Sahihi yako inakaa hapa chini, penye nukta.