Simu ya Sabuni

Hesabu nimefundisha,
vijana nikawavusha,
mizani nikapimisha
kule shuleni Likoni.

Nikastaafu salama
na kikoba cha heshima,
kila shilingi napima
ndipo niende dukani.

Siku ya Mwembe Tayari,
jua kali lenye hari,
nikipishana na gari
na hamali wa sokoni,

kijana akanishika
mkono, akatamka:
"Mwalimu, wanikumbuka?
Ulinichapa shuleni!"

Sura sikuitambua,
ila nani atajua
wote walionijia
kwa miaka thelathini?

Akafungua mkoba:
simu, kamera si haba.
"Nauza, nina msiba,
mzee yuko wodini.

Elfu sita nipe sasa,
dukani utazikosa;
yule pale ana pesa,
ameiweka jichoni."

Nikaiwasha: yawaka.
Nikapiga, ikashika;
elfu moja ikashuka,
hodari nikajidhani.

"Lete niifunge vyema,"
akageuka kwa hima,
akasema, "Ni salama,
usifungue njiani.

Wezi wamejaa hapa!"
Mwizi ndiye anaapa,
na mkono nikampa,
na dua kwa wa wodini.

Nyumbani nikafungua
boksi huku naringia;
pua ikatangulia
kutambua ni sabuni.

Ya mche, ya kufulia,
wembe ameipitia,
uzito umetimia,
gramu sawa kwa mizani.

Hapo, kweli, namsifu:
kazi yake si hafifu,
hesabuye ni nadhifu,
kafaulu mtihani.

Zuwena sikumwambia.
Aibu kunilemea,
sabuni nikaitia
nyuma ya ndoo, chooni.

Siku tatu nikalala
nikizitunga jumla:
elfu tano ni chakula
cha wiki mbili nyumbani.

Jumamosi akifua
kanzu, povu likajaa;
sauti akaitoa:
"Sabuni hii ya nini?

Haina jina la chapa,
pembe kama simu, hapa!
Wewe, nani alikupa?
Sema nawe, si utani."

Nikasema. Yote. Bei,
boksi, gundi, zile rai;
nikangoja, sinywi chai,
hukumu yangu uani.

Akaketi kwenye ndoo,
akakunja lake guo,
kimya. Kisha: "Mume, leo
nami natubu, amini.

Ramadhani ilopita
ujumbe uliniita:
'Elfu tatu umepata,'
na sauti ya huzuni

ikapiga: 'Dada yangu,
za futari ya wanangu,
nirudishie, kwa Mungu,
thawabuyo i peponi.'

Sikutazama salio,
nilisikia kilio,
nikatuma; kumbe sio,
hazikuingia ndani.

Sikukwambia. Naona
haya, we msomi sana,
ungenicheka mchana
na usiku kitandani."

Tukacheka hadi povu
likakauka; na mbavu
zikauma kama kovu
lililofunguka ndani.

Tapeli hana mtaji
ila haya ya mlaji;
kimya chetu ni kinywaji
kimpozacho rohoni.

Basi sasa, hapa kwetu,
simu ikilia, watu
hungoja; salio letu
latangulia imani.

Na kitu tukinunua,
papo hapo twafungua,
akishakifunga pia,
na risiti mkononi.

Anayeniharakisha
namwambia, "Umekwisha?
Kesho!" Ninamrejesha;
kesho yake simuoni.

Sabuni ilosalia
rafuni imekalia;
mtu akiulizia,
twasema, "Iko chajini."