Safu ya Maoni

Kazi yangu ni kufunga midomo ya magunia.
Lakiri ya plastiki, ya bluu, yenye namba;
ukiivuta inalia krrr,
na ikishalia hairudi nyuma.

Ghala letu liko nje ya Lubumbashi,
barabara ya Kasumbalesa,
ambako malori hulala foleni
na madereva husonga bukari kando ya matairi,
wananuka dizeli na samaki mkavu.

Mwezi wa tano walikuja wakaguzi,
viatu vyao havijui vumbi letu.
Wakasema: mnyororo salama, mnyororo safi,
kila jiwe lijulikane mama yake.
Nililipenda hilo, la jiwe kuwa na mama.
Neno mnyororo lilinikwama.
Babu wa mama yangu aliletwa migodini
kwa mnyororo,
na siku zile pia palikuwa na daftari,
na karani mwenye mwandiko mzuri.

Mwandiko wangu ni mzuri.
Masista wa Katuba walinichapa vidole mpaka ukanyooka.

Leo saa nne wameshusha magunia arobaini.
Mawe meusi, yanapaka kama masizi ya sufuria.
Lebo zote: Shimo la Kumi na Nne.
La Kumi na Nne? nikauliza.
La Kumi na Nne, akasema Kyungu,
macho yake kwenye simu.

Mimi nalijua Shimo la Kumi na Nne.
Tangu mvua za Januari limejaa maji hadi mdomoni.
Mdogo wangu Numbi aliacha sepetu yake mle,
akavutwa kwa kamba, kiatu kimoja hana.
Sasa anachaji simu za watu kwa betri ya gari iliyochoka,
franka mia tano, ukikopa mia sita,
maana umeme unapita juu ya paa letu
kwenye nyaya nene,
unakwenda kuyeyusha mawe,
wala hausimami kutusalimu.

Basi haya ni ya nani?
Shimo gani lisilo na namba limeyazaa,
usiku gani,
na nani alikuwa chini akishika tochi kwa meno?

Huko yanakokwenda
mtu atawasha gari lisilonguruma,
na kabla hajaondoka atauliza, kwa nia njema kabisa:
betri hii imetoka wapi?
Watamwonyesha karatasi.
Karatasi ni mimi.

Mwadi, funga, akasema Kyungu. Lori linasubiri.

Safu ya mwisho ya daftari inaitwa Maoni.
Tangu niajiriwe huwa naichapa mstari, juu hadi chini,
kwa rula, mstari ulionyooka.
Leo rula imebaki mezani.
Nimeandika: Shimo hili lina maji na vyura.
Gunia la pili: lina maji na vyura.
La tatu.
Kufikia la ishirini herufi zilianza kulala ubavu,
sista angenichapa.
La arobaini limeandikwa vyura tu.

Kisha nikafunga yote.
Krrr. Krrr.
Kodi ya nyumba ni tarehe tano,
na sijui kama huko mbele, bandarini au ng'ambo,
yupo mtu ambaye kazi yake
ni kusoma safu ya mwisho.