Bushi Nne

Zilikuwa zimelala kwenye friza tangu juzi,
bushi nne mpya ndani ya mfuko wa mkate,
kati ya bega la kondoo na kopo la kalafate.
Mama, akitafuta nyama ya mchuzi,
akapaza sauti toka jikoni:
"Yovanka, na hivi tunavila lini?"

Nikamwambia chuma hunywea kwa baridi,
hupungua unywele mmoja,
na unywele huo mmoja ndio ninaoutaka.

Pijo yetu ni rika langu.
Imekula changarawe yote ya njia ya Agua Fresca,
imepigwa ubavuni na upepo wa Punta Arenas
usiojua kubisha hodi.
Ila tangu Mei kuna kitu kilibisha:
kila shimo, ko;
kila nikikanyaga breki, ko-ko,
kama mgeni aliyefungiwa nje
anagonga chini ya nyayo zangu.

Jumamosi nikaipandisha jeki, nikaiwekea vigingi.
Bolti ya kwanza ilitoka kwa adabu.
Ya pili ilidai mafuta, ikadai moto,
ikadai matusi ya Kikroeshia,
urithi pekee alioniachia babu.

Ndipo akaja don Eleuterio wa nyumba ya pili,
na tochi, na maoni.
Miaka miwili nyuma ni yeye aliyeniambia:
"Kaza hapohapo, gari likiwa juu,
kaza mpaka spana ilie."
Nikakaza. Spana ikalia.

Sasa nilimwonyesha bushi iliyotoka.
Mpira umechanika kwa kusokotwa,
wala si kwa safari.
Ulifungwa ukiwa haujabeba kitu,
kisha ukatuliwa gari zima,
na kila siku ya maisha yake
ulivutana kurudi pale ulipokazwa,
na pale hapakuwapo tena.

Nilikuwa na kitabu cha gari, cha Kifaransa,
chenye duara la kahawa ukurasa wa themanini na moja,
na kamusi yangu ya shule.
Usiku mzima kwa sentensi moja:
*kaza magurudumu yakiwa chini.*
Nikamsomea. Akasafisha koo.
Akamulika mahali ambapo hapakuwa na kazi.

Tukashika jiliwa, kipande cha bomba la maji,
soketi ya thelathini na mbili.
Bushi ya baridi, mkono wa chuma wa moto:
ikaingia kwa mguno mdogo,
kama mtu mnene anayeketi.
Ya pili. Ya tatu ilikwenda upande, nikairudisha friza,
tukanywa mate saa nzima bila neno.
Ya nne.

Nikafunga nati kwa vidole tu.
Nikaliteremsha gari juu ya mbao pana,
nikalitikisa boneti lipate kukaa,
na kwa kuwa gari hubeba watu, si hewa,
nikawaomba wazito wangu wapande:
mama na aproni yake, mbele kushoto;
don Eleuterio kulia.
Hawajasemezana tangu mambo ya ua na mbwa,
mwaka wa tisa huu.

Nikajilaza chini na spana.
Juu yangu kimya, upepo, springi.
Kisha mama: "Mbwa alikufa?"
"Alikufa. Machi."
"Pole."
Robo mzunguko.
"Ule ua ulikuwa umeingia kwangu, lakini."
"Sentimita arobaini."
"Hamsini."
Robo mzunguko tena,
na chuma kikatulia mahali pake
huku kimebeba kila kitu.

Nilimaliza mapema. Sikuwaambia.
Nilibaki chali juu ya kadibodi,
vidole vimekufa ganzi,
nikisikiliza mabishano ya sentimita kumi.

Asubuhi nilikuta tochi yake kwenye kiti,
imesahauliwa,
bado inawaka kidogo.