Hodi ya Kuramochi

Kanda ilifika Tandika ndani ya boksi la redio mbovu,
jalada halina picha, maandishi yake
kama njiti za kiberiti zilizomwagika.
Kondo, mtafsiri wetu, akashika maikrofoni, akakohoa:
"Leo karate, wanangu. Karate tupu."

Mtu mmoja
amebeba mlango mgongoni
anatembea kwenye majivu.

Dakika kumi, anatembea.
Kondo akamtungia mke, akamtungia deni,
akasema mlango ndio mahari aliyorudishiwa,
akasema nyuma ya kile kilima wamejificha maadui mia.
Kilima kikafika. Hapakuwa na hata mbwa.
Yule bwana akautua mlango, akausimamisha
mahali peupe, pasipo nyumba wala ukuta,
akajifuta jasho,
akabisha hodi.

Banda likalipuka. Rudisha hela! Rudisha hela!
Ganda la chungwa likampata shavuni, palepale kwenye kioo,
wala hakupepesa.
Kondo maneno yakamwishia.
Akaiweka maikrofoni chini, yeye aliyesema hata kwenye matanga,
na tukasikia upepo wa kwao ukivuma
katika spika yetu iliyopasuka.

Akabisha tena.
Umeme ukakatika, Tandika nzima.

Sasa nachonga milango Keko. Mninga, mkongo,
na mbao laini kwa wenye haraka.
Mwaka ule wa ujenzi wa daraja la juu
alikuja mhandisi wa Kijapani kutaka mlango wa chumba chake.
Nikamchorea kwa chaki juu ya ubao: mtu, mlango, majivu.
Hakumjua. Akampigia mama yake simu,
na mama akacheka mpaka mafundi wakaacha kupiga randa.

Kuramochi Eisaku. Filamu ile moja, basi.
Kisha miaka thelathini ya kushona miavuli nyuma ya stesheni.
Watoto walimsumbua: mzee, mlango wako uko wapi?
Naye hufungua mwavuli wa mteja,
akainama, akapita chini yake,
akaufunga nyuma yake polepole.

"Muulize," nikasema, "alifunguliwa?"
Simu ikakaa kimya kidogo.
Mama hajui. Alitoka kabla filamu haijaisha,
alikuwa na miadi na mwanamume
ambaye hata hakuja kuwa baba wa huyu mhandisi.

Jana nimebeba mlango hadi Mbagala,
mkokoteni ulipasuka gurudumu, nikaujitwika mwenyewe.
Nyumba bado haijapandishwa kuta,
fremu imesimama peke yake kwenye kifusi,
na mwenye nyumba yuko upande wa pili, namwona wazi,
anamenya muhogo.
Nikafunga bawaba. Nikajaribu kitasa. Nikafunga mlango,
nikabisha.

"Fundi," akasema, kisu mkononi,
"si unaniona?"

Namwona.
Nikabisha tena.