Kazi: Hakuna

Mimi ni mpiga chapa wa Baraza la Madai ya Ajali, Kottayam,
chumba cha pili, chini ya feni inayolia kama panya.
Miaka kumi na tisa nachapa mifupa:
paja la kushoto, limevunjika mahali pawili;
taya; nyonga; jicho, halihesabu vidole kwa hatua tatu.
Mikono yangu inajua njia. Sihitaji kutazama.

Jumanne ile aliitwa Thankamani,
umri, arobaini na mitatu,
aligongwa na basi la Pala akirudi na kiberiti dukani.
Mkono wa kulia umekatwa juu ya kiwiko.
Fomu ina kisanduku, si kikubwa. Kazi?
Mumewe, Rajappan, akawahi kujibu:
"Hana. Yuko nyumbani tu."
Nikachapa: hakuna.
Nakala nne, kwa karatasi ya kaboni.

Wakili wa bima akasimama na jedwali lake.
Kwa umri huu, zidisha mara kumi na tano.
Uzidishe nini? Kipato.
Na kipato cha mtu asiye na kazi?
Alitabasamu kidogo, si kwa ubaya,
kama mwalimu anayengoja darasa likamilishe sentensi.

Jaji alivua miwani.
Akamwuliza yeye, si mumewe:
"Ulikuwa unaamka saa ngapi?"

"Saa tisa na nusu, usiku. Nagema mpira,
miti mia na ishirini, taa kichwani,
utomvu hautoki vizuri jua likishapanda."
"Miti ya nani?"
Akamnyooshea Rajappan
mkono wa blauzi. Mkono wa blauzi tu,
umekunjwa, umebanwa kwa pini.
Mkono mtupu haulambwi, lakini ule
chumba kizima kiliufuata kwa macho.

Akaendelea, polepole,
kama anayesoma deni la mtu mwingine.
Ng'ombe. Nazi ya mchuzi. Kisima, ndoo kumi na mbili.
Mama mkwe amelala mwaka wa sita:
kumgeuza ubavu huu, kumgeuza ubavu ule, asioze.
Sare za watoto. Mvua ikija, kuanua karatasi za mpira.
"Na mchana?" jaji akauliza.
"Huo ndio mchana."

Wahenga walisema mkono mmoja haulei mwana.
Hawakusema ule mwingine ulikuwa unalipwa kiasi gani.

"Bwana Rajappan. Sasa nani anagema?"
"Kijana wa Bibi Eliyamma. Namlipa kwa mti."
"Nani anakamua?"
"Jirani. Anachukua nusu ya maziwa."
"Mama?"
"Kuna mwanamke anakuja. Na mwingine wa kupika."
"Jumla, kwa mwezi?"
Alikuwa nayo tayari, maskini,
kwenye kipande cha karatasi mfukoni mwa shati.
Hakuwa mtu mbaya. Hakuwahi kuhesabu, basi,
mpaka hesabu ilipoanza kumtoka mfukoni.
"Elfu tatu na mia mbili," akasema,
kisha, kwa sauti ya chini, "na wali bado unaungua."

Wakili alikunja jedwali lake.
Jaji akanigeukia: "Futa pale."
Nikafuta kwa wino mweupe, nakala ya kwanza hadi ya nne,
nikachapa juu yake: mgemaji, mkamuaji, muuguzi, mpishi.
Kisanduku hakikutosha. Maneno yalivuka mstari,
yakaingia sehemu ya Mali Iliyoharibika.
Niliyaacha.

Hukumu yenyewe ilikuja baadaye, pamoja na riba,
na bima ilikata rufaa, kama ilivyo desturi yao.
Mimi nakumbuka kitu kingine.
Alipotakiwa kutia saini, karani alimsogezea kidau cha wino
kwa dole gumba.
"Najua kuandika," akasema.
"Huu wa kushoto bado najifunza nao."
Akashika kalamu kama mtu anayeshika kijiti cha moto.
Herufi ya kwanza ilitoka imegeuka.
Akaitazama, akaikata, akaanza upya.
Walikuwepo wengine saba kwenye benchi, na saa ya chakula ilikaribia.
Tukangoja.