Senti Kumi

*Soko la Oruro, miaka mingi baada ya vita*

Unaniomba nipunguze senti kumi, karani,
wewe wa gari moshi, kola nyeupe pe, kalamu sikioni.
Viazi hivi viliganda kwa baridi ya usiku,
alfajiri nikavikanyaga kwa miguu hii
mpaka maji yote yakavitoka,
na bado wasema ni ghali.

Keti. Jiwe hilo siliuzi.
Nikwambie senti kumi hununua nini.

Kulikuwa na jangwa ambalo hata mjusi alilipita mbio.
Mvua kule ni habari ya nchi za watu.
Chini yake shura, chumvi isiyotiwa mchuzini,
inayonenepesha ngano ya Wazungu
na kulisha mizinga yao pia:
mkate na baruti, tumbo moja.
Kampuni ikachimba. Wakubwa wetu wa La Paz wakasema,
kila mzigo, senti kumi.
Kampuni ikasema, hatutoi.
Ugomvi wa sokoni, kama huu wetu,
ila mimi na wewe hatuna meli za chuma.

Chile wakashuka pwani yetu mwezi wa pili.
Habari ilitukuta kwenye kanivali, nyuso zimejaa unga,
ikawa vigumu kujua nani kapauka.

Melitón wangu alisokota kamba za manyoya ya lama.
Wakampa bunduki, na koti jekundu la marehemu mrefu;
mikono ya koti ikammeza hadi kucha.
Nikamfuata. Tulifuata wengi, sufuria mgongoni,
maana serikali ilikumbuka risasi, ikasahau chakula.
Majuma mazima ya kushuka tu, masikio yakiziba,
tukitafuna majani ya koka pale penye maneno.

Alikuwa na swali moja: bahari ina rangi gani?
Kikosi kizima hawakujua.
Mmoja aliyewahi kuiona alisema, inategemea.

Usiku wa kuamkia vita walitoka kumvizia adui.
Ukungu ukaja, mzito kama blanketi lililoloa,
wakazunguka, wakazunguka,
hadi wakakanyaga nyayo zao wenyewe.
Asubuhi wakapigana hivyo hivyo, bila usingizi, juu ya mchanga.
Husemwa wapiganapo fahali wawili, nyasi ndizo huumia.
Kule hapakuwa na nyasi.

Nilimtafuta kwa koti. Makoti mekundu yalitapakaa.
Nilimjua kwa mikono: kucha hazikuonekana.
Nikachimba kwa kifuniko cha sufuria.
Mvulana wa Kichile akanisogezea kibuyu cha maji,
akageuza uso nisimwone.
Midomo yake ilikuwa imepasuka kama yangu.

Jangwa likapata bendera nyingine.
Kampuni, nasikia, ni ile ile.

Na leo umeniambia, huku unachambua viazi,
unatupa kidogo, unashika kikubwa,
kwamba wajenzi wa reli wamewafukua askari kule chini:
chumvi haikuwaozesha,
nywele zipo, kope zipo,
makoti bado mekundu.
Umesema hivyo tu, kama asemaye bei ya ndimu.

Basi bado ana miaka ishirini na sita.
Mimi nimebakiwa na meno saba.
Tukikutana ataniamkia, shikamoo mama,
na mimi, Basilia, nitaitikia nini?

Wewe umetoka huko. Bahari umeiona.
Nyamaza, usiniambie rangi yake.
Funga viazi vyako, gari lako linapiga honi.

Senti kumi zangu, karani.
Hapa. Kiganjani.